Mizimu Iliyosemewa

Mwaka 1898 maiti wa Kijapani alidondoka kutoka kwenye jeneza, akafufuka. Ndivyo inavyosimuliwa juu ya filamu fupi iliyoitwa Shinin no sosei, yaani kufufuka kwa maiti: jeneza limebebwa, kitako kinaachia, aliyemo anaanguka chini na uhai unamrudia. Aliyezungusha kamera alikuwa Asano Shirō, mfanyakazi wa duka la vifaa vya picha la Konishi mjini Tokyo, duka ambalo dunia ingekuja kulijua kwa jina la Konica. Mwaka huohuo Asano alipiga filamu nyingine, Bake Jizō. Jizō ni mlinzi wa watoto na wasafiri, na sanamu zake za mawe husimama kando ya njia kila pembe ya Japani. Huyu wa Asano alikuwa Jizō wa mauzauza. Filamu zote mbili zimepotea.

Sinema yenyewe ilikuwa ngeni kabisa nchini. Kinetoskopu ya Edison, lile sanduku ambalo mtu alichungulia peke yake, ilifika Kobe Novemba 1896. Februari 1897 mfanyabiashara Inabata Katsutarō akaionyesha Osaka mashine ya ndugu Lumière, na safari hii watu walikaa pamoja gizani wakitazama kitambaa kimoja. Asano alianza kama walivyoanza wapiga picha wote wa wakati ule: daraja la Nihonbashi, geisha wakicheza. Kisha, bila kuchelewa, akaenda kwa wafu. Haraka hiyo haishangazi ukijua kwamba mizimu ya Japani ilikuwa na jukwaa lake, mitambo yake, ngoma zake na wasimulizi wake karne nzima kabla kamera haijashuka bandarini.

Mkongwe wa kazi hii ni Tsuruya Nanboku wa nne, mtunzi wa tamthilia za kabuki katika jiji la Edo, Tokyo ya leo. Mwaka 1804 alitunga mchezo wa Tenjiku Tokubei, baharia anayerudi kutoka ng'ambo akiwa na uchawi wa chura mkubwa. Mwigizaji Onoe Matsusuke alizama kwenye maji palepale jukwaani akiwa mtu huyu, na kabla watazamaji hawajashusha pumzi akaibuka upande mwingine akiwa mtu yule, nguo zimekauka. Uvumi ukazagaa kwamba anatumia uchawi wa Wakristo, dini iliyokuwa marufuku, hata maofisa wakaja kukagua. Kwa mwenye ukumbi, tangazo zuri kuliko hilo halikuwepo.

Michezo hii ilikuwa ya kiangazi. Joto la Edo halikuwa la mchezo, waigizaji wakubwa walikwenda kupumzika, na kumbi zikabaki kwa vijana na kwa watunzi waliokuwa tayari kujaribu lolote ili viti vijae. Maji, giza na kusisimka mwili viliuzika vizuri katika msimu huo. Tena ndio msimu wa Obon, siku ambazo roho za marehemu hurudi nyumbani na kupokewa kwa taa na chakula. Biashara na ibada zilikutana mlango mmoja, na mpaka leo Mjapani akisikia hadithi ya mzimu huwaza kiangazi.

Julai 1825, katika ukumbi wa Nakamura-za, Nanboku akiwa na miaka 70 alitoa kazi iliyowafunika wenzake wote: Tōkaidō Yotsuya Kaidan. Tamiya Iemon ni samurai asiye na bwana, fukara, mkatili. Amemuua baba mkwe wake kwa siri. Mkewe, Oiwa, ni dhaifu kitandani baada ya kujifungua. Jirani tajiri ana mjukuu anayempenda Iemon, basi anamletea Oiwa dawa ya kurudisha nguvu, na dawa hiyo ni sumu. Uso wa Oiwa unavimba na kuharibika upande mmoja, naye hajui. Iemon anaingia, anamtazama kwa kinyaa, anachukua vitu vya ndani akaviweke rehani. Anachukua hata chandarua. Oiwa anakishika asimwachie, maana mbu watamla mtoto, na chandarua kinavutwa mpaka kucha zinamng'oka. Nanboku alijua kwamba mtazamaji wa kawaida hatasahau hicho chandarua hata akisahau upanga.

Halafu kioo. Mkandaji aliyeachwa naye anashindwa kuvumilia na kumwonyesha uso wake. Oiwa anaamua kujipamba aende kwa jirani kushukuru, kwa namna ambayo shukrani hiyo inastahili. Anachukua chanuo. Nywele zinatoka kwa mafungu, zinajaa sakafuni, anazikamua na damu inadondoka. Tukio hili linakwenda polepole mno, bila mzimu wowote, na kwa maoni yangu hakuna filamu ya kutisha iliyolipita mpaka leo. Oiwa anakufa kwa upanga uliochomeka nguzoni. Iemon anamuua mtumishi wake Kohei pia, anazigongomea maiti mbili pande mbili za ubao wa mlango, kana kwamba walikuwa wapenzi, anautupa mtoni. Siku moja Iemon anavua samaki mferejini, na ubao unaelea hadi miguuni pake. Upande mmoja Oiwa. Anaugeuza: Kohei.

Onoe Kikugorō wa tatu, mtoto wa kulea wa yule Matsusuke, alicheza sehemu zote mbili, na ya tatu juu yake. Ubao ulikuwa na tundu la kupitisha kichwa, na chini ya tundu mavazi ya maiti yasiyo na mtu ndani. Watazamaji walijua kuna ujanja, wakalipa ili waone ujanja unavyowashinda. Katika maonyesho ya miaka iliyofuata Oiwa akaanza kutokea ndani ya kandili ya karatasi inayowaka, na mchoraji Hokusai akamchora akiwa ndiye kandili yenyewe, mdomo wazi. Na kila alipotokea palikuwa na mlio wake: filimbi nyembamba yenye kupanda, chini yake ngoma kubwa ikipigwa kwa virungu laini, mfululizo. Mjapani angefumba macho na bado ajue nani amefika.

Njia ya pili ya mizimu kufikia umma ilikuwa mdomo mtupu. San'yūtei Enchō, aliyezaliwa 1839, alianza usimulizi kwa mapambo na mandhari ya kuchora nyuma yake. Akiwa katikati ya umri aliviacha vyote, akabaki na kipepeo cha kujipepea mkononi na sauti. Hadithi yake kubwa, Botan Dōrō, ilikuwa na asili ya Kichina. Asai Ryōi aliiandika kwa mazingira ya Kijapani mwaka 1666, na Enchō akaijengea jumba zima juu yake. Kijana Shinzaburō anatembelewa kila usiku na mpenzi wake Otsuyu, anayetanguliwa na mtumishi mwenye kandili ya maua, na kumbe wote wawili wameshazikwa. Mizimu ya Japani kwa desturi haina miguu, ndivyo wachoraji walivyoizoesha. Lakini Otsuyu wa Enchō anasikika kabla hajaonekana: mitalawanda yake inagonga njiani, karan, koron, karan, koron, inakaribia. Mwaka 1884 wataalamu wa hati mkato waliichukua hadithi neno kwa neno kutoka kinywani mwake, ikachapishwa na kuuzwa sana, na miaka minane baadaye ikapanda jukwaa la kabuki. Enchō alikusanya pia picha za mizimu zilizochorwa kwenye hati za kukunja. Zipo katika hekalu la Zenshō-an, Tokyo, na huonyeshwa kila Agosti.

Picha za mwanga nazo hazikuwa ngeni. Tangu mwanzo wa karne ya 19 Edo ilikuwa na utsushi-e, maonyesho ya taa za mbao zilizorusha picha za rangi kwenye karatasi kutoka nyuma. Warushaji walishika taa mikononi na kutembea nazo, hivyo picha zilikua, zilisinyaa na kukimbizana, huku msimulizi akisema na shamisen ikilia. Ukichukua hiyo, ukaongeza Nanboku na Enchō, kilichobaki kuletwa na meli ni mashine tu.

Tena wakubwa wa jukwaa hawakuitaka mashine hiyo. Filamu ya Kijapani ya zamani zaidi iliyobaki ambayo ina hadithi ni Momijigari, ya Novemba 1899, nayo ni hadithi ya pepo: shujaa Koremochi anakwenda mlimani kutazama majani mekundu ya vuli, anakaribishwa na binti wa kifalme, analewa, na binti anageuka zimwi. Ichikawa Danjūrō wa tisa, mfalme wa kabuki wa zama zile, ndiye aliyekuwa binti na ndiye zimwi. Onoe Kikugorō wa tano alikuwa Koremochi. Danjūrō aliidharau sinema. Alishawishiwa kwamba ni zawadi kwa watakaokuja baada yake, akakubali, mradi isionyeshwe yeye akiwa hai. Mpiga picha Shibata Tsunekichi aliweka kamera kwenye jukwaa la wazi nyuma ya ukumbi wa Kabuki-za. Upepo ulikuwa mkali asubuhi ile. Katika ngoma ya vipepeo viwili kimoja kikamponyoka Danjūrō, na kwa kuwa kurudia hakukuwepo, kosa hilo limebaki kwenye mkanda milele. Mwaka 1903, Danjūrō akiwa mgonjwa na ameshindwa kwenda Osaka, ahadi ilivunjwa na filamu ikaonyeshwa huko badala yake. Alifariki Septemba ya mwaka huo. Mwaka 2009 serikali ya Japani iliitangaza Momijigari kuwa mali muhimu ya kiutamaduni, filamu ya kwanza kupewa heshima hiyo. Zimwi na kipepeo kilichomponyoka viko salama serikalini.

Mwaka huohuo wa 1903 Tokyo ilipata jumba lake la kwanza la kudumu la sinema, Denkikan, katika mtaa wa starehe wa Asakusa. Mwaka 1908 kampuni ya Yoshizawa ilijenga studio Meguro. Mwaka 1912 kampuni nne ziliungana kuwa Nikkatsu. Mambo haya yanatosha kutajwa tu, kwani mizimu haikungoja kampuni zipange hesabu zake.

Kazi ilifanyika Kyoto. Makino Shōzō alikuwa meneja wa jumba dogo la michezo, na mwaka 1908 alianza kutengeneza filamu kwa kampuni ya Yokota. Hakusumbuka na miswada: alisimama kando ya kamera akiwasomea waigizaji maneno, nao wakarudia. Nyota wake alikuwa Onoe Matsunosuke, mwigizaji wa kabuki za mikoani mwenye macho makubwa ya kukodoa, aliyependwa na watoto nchi nzima kwa jina la Matchan wa Macho. Mpaka kifo chake mwaka 1926 alikuwa ameigiza katika filamu zaidi ya 1,000. Katika mafuriko hayo ya mikanda mizimu ilipata sehemu yake. Botan Dōrō ilipigwa 1910. Oiwa aliingia kwenye filamu mwaka 1912 chini ya Makino, na kabla miaka ya 1930 haijaisha alikuwa amerudiwa zaidi ya mara kumi. Walikuja pia Okiku, kijakazi aliyeuawa kwa ajili ya sahani iliyopotea, ambaye kisimani huhesabu sahani mpaka tisa na kulia, na paka wa Nabeshima anayelipa kisasi cha bwana wake kwa umbo la mwanamke.

Inasimuliwa kwamba siku moja Makino alisimamisha kamera ili abadilishe mkanda, mwigizaji mmoja akaondoka kwenda chooni, na filamu ilipoonyeshwa mtu huyo akaonekana akitoweka katikati ya wenzake. Watengenezaji filamu wa Ufaransa wana kisa kinachofanana na hiki juu ya Georges Méliès, kwa hiyo kichukuliwe kama visa vya wasanii vinavyochukuliwa. Lakini hila ni ya kweli na inaonekana katika Gōketsu Jiraiya ya 1921, mojawapo ya filamu chache za Makino na Matsunosuke zilizosalia. Jiraiya anafunga vidole kichawi, moshi unafuka, amekwisha toweka. Kisha pale aliposimama ametulia chura mkubwa kupita mtu. Ni chura wa ukoo uleule wa Tenjiku Tokubei, ila amekuwa mwepesi zaidi. Matsusuke alilazimika kujifunza kuzama na kukauka. Matsunosuke alilazimika kusimama kando wakati kamera imezimwa.

Hapo ndipo ninapopata shida na filamu hizi, na nadhani watazamaji wa wakati ule waliihisi shida hiyo bila kuitamka. Jukwaani mtu aliogopa kwa sababu mwili wa Kikugorō wa tatu ulikuwa palepale, mita chache, ukifanya lisilowezekana. Kamera ya Makino ilisimama mahali pamoja, kwenye kiti cha mtazamaji wa katikati, ikameza mchezo mzima bila kusogea. Mizimu ikatoweka kwa ulaini, na kila mtu alishajua kwamba picha zinaweza kutoweka. Oiwa mwenyewe, bila rangi ya damu, bila filimbi, akiwa na urefu wa kiganja kwenye kitambaa cha mbali, angemtisha nani?

Jibu lilikuwa limekaa kando ya kitambaa, kwenye meza ndogo yenye taa, glasi ya maji mbele yake. Benshi, msimulizi wa filamu, alikuwepo tangu maonyesho ya kwanza kabisa, kwanza kama mweleza mashine, kisha kama mwenye filamu. Katika miaka ya 1910 mara nyingi walikuwa kundi zima, kila mmoja akimsemea mhusika wake kwa kuiga sauti za waigizaji mashuhuri wa kabuki. Baadaye akabaki mmoja anayesema wote: mwanamume, mwanamke, mtoto, mzimu, na katikati yao sauti yake mwenyewe inayohukumu. Jina lake liliandikwa kubwa nje ya jumba. Watu walikwenda kumsikiliza yeye, na filamu ilikuwa sababu. Filimbi na ngoma za kabuki zilihamia shimoni mwa wanamuziki wa sinema. Mitalawanda ya Otsuyu haikuweza kusikika kwenye mkanda, kwa hiyo kulihitajika mtu wa kuileta kwa ulimi, kama Enchō alivyoileta. Benshi aliamua iende kasi gani na isimame lini. Kusema kwamba Wajapani walitazama filamu bubu za mizimu ni kusema nusu ya habari. Picha ilinyamaza, ukumbi haukunyamaza hata kidogo, na woga uliishi kwenye koo la mtu aliye hai, aliyekaa gizani pamoja nao.

Serikali iliutambua uwezo huo mapema. Mwishoni mwa 1911 filamu ya Kifaransa juu ya mwizi Zigomar iliwapandisha wazimu vijana wa Tokyo, wakaigiza wizi mitaani, na mwaka uliofuata polisi wakaipiga marufuku. Kanuni za polisi wa Tokyo za mwaka 1917 zilikwenda mbali zaidi: filamu zigawanywe za watu wazima na za walio chini ya miaka 15, wanaume na wanawake wakae mbalimbali, na kila benshi awe na leseni. Kumbuka kilichotazamiwa hapo. Polisi walielewa kwamba mkanda unaweza kukatwa kwa mkasi, lakini sauti inayoweza kuligeuza tukio lolote kuwa jambo jingine ni lazima ipewe kibali yenyewe.

Vijana waliotaka sinema ya kisasa walimchukia benshi, na walimchukia pia mwanamume anayecheza mwanamke. Kabuki ilikuwa imewafukuza wanawake jukwaani tangu 1629, kwa hiyo Oiwa wa filamu za mwanzo, kama Oiwa wa Kikugorō, alikuwa mwanamume ndani ya kimono. Mwandishi Tanizaki Jun'ichirō alikuwa miongoni mwa waliotaka mabadiliko, na mwaka 1918 alichapisha hadithi fupi ambayo naiona kuwa kazi ya kutisha zaidi iliyowahi kutoka katika sinema bubu ya Japani, ingawa haikupigwa picha. Inaitwa Jinmenso, uvimbe wenye uso wa mtu. Mwigizaji wa kike aliyewahi kufanya kazi Marekani anasikia kwamba kuna filamu yake inazunguka katika majumba ya pembezoni mwa Tokyo. Haikumbuki. Hakuna anayejua ilipigwa wapi wala na nani. Katika filamu hiyo mwombaji aliyesalitiwa anakufa na uso wake unaota kwenye goti la mwanamke. Ukumbini, kukiwa na watu, muziki na benshi, ni filamu kama nyingine. Anayeitazama peke yake usiku, mashine ikizunguka kwenye chumba kitupu, huugua au kurukwa na akili. Uso wa gotini unajaza kitambaa chote na unacheka, na mtu akitega sikio kwa makini, kicheko kinasikika.

Tanizaki alikuwa ameiona siri ya ukumbi wote. Benshi aliyedhaniwa kuleta woga ndiye pia aliyeuzuia. Mwondoe, uzime shamisen, uwatoe majirani, ubaki na picha inayosogea isiyo na mtu wa kuijibia.

Miaka miwili baadaye alipata nafasi ya kujaribu. Kampuni ya Taikatsu ya Yokohama ilimwajiri kama mshauri, mwongozaji akiwa Thomas Kurihara, Mjapani aliyefanya kazi Hollywood. Mwaka 1921 walitoa Jasei no in, kutoka kitabu cha Ueda Akinari cha mwaka 1776, Ugetsu Monogatari. Kijana wa pwani ya Kii anajikinga mvua, anamwazima mwavuli mwanamke mzuri aitwaye Manago, na mwanamke huyo ni nyoka asiyeachia anayempenda. Walitumia waigizaji wa kike, wakapiga picha nje, wakahama na kamera. Hakuna aliyebaki na nakala. Mwaka 1953 mwongozaji Mizoguchi Kenji angerudi kwenye hadithi ileile katika Ugetsu na kupata tuzo Venice. Kampuni ya Taikatsu haikudumu, na Tanizaki akarudi kwenye vitabu.

Mwaka huo wa 1921 ndipo filamu ya Kijerumani ya Dakta Caligari ilipofika Tokyo, na mmoja wa walioisemea alikuwa Tokugawa Musei. Wengi wa wenzake walisifika kwa sauti ya kupasua. Musei alisema kidogo, kwa sauti ya chini, na alijulikana kwa vituo vyake, vile vitambo vya kimya alivyoviacha vining'inie mpaka watazamaji wajisikie wakipumua. Alikuwa benshi aliyejua lini benshi asiwepo.

Saa sita kasoro dakika mbili mchana, Septemba 1, 1923, ardhi ya Kantō, eneo la Tokyo, ilitikisika. Zaidi ya watu 100,000 walikufa, wengi kwa moto. Asakusa iliteketea. Mkanda wa zama zile ulikuwa wa naitreti, kitu kinachowaka chenyewe kikipata nafasi, kwa hiyo maghala ya filamu ya Tokyo yalikwisha, na mabomu ya 1945 yakamalizia. Nikkatsu ilifunga studio yake ya Mukōjima na kuhamishia kazi Kyoto. Wanaume wacheza wanawake walikuwa wameshaanza kuondoka hata kabla ya hapo. Mmoja wao, Kinugasa Teinosuke, aliyejulikana Mukōjima kwa sehemu za kike, aliacha kimono akasimama nyuma ya kamera.

Baada ya tetemeko mizimu ilirudi ikiwa na sura nyingine. Mizoguchi alipiga mwaka 1926 Kyōren no onna shishō, akichota kwenye hadithi ya Enchō ya Kasanegafuchi: mwalimu wa muziki mwenye wivu, uso ukiharibika, anayemlaani kijana wake kwamba kila atakayemwoa atakufa. Ilipelekwa mpaka Ulaya. Mwaka 1928 Itō Daisuke, bingwa wa kamera inayokimbia, alitoa Yotsuya Kaidan yake kwa Nikkatsu. Zote mbili hazipo tena. Ilibaki desturi moja ya zamani, iliyorithiwa na watu wa filamu kutoka kwa watu wa kabuki bila kupunguzwa: anayetaka kumcheza Oiwa aende kwanza Yotsuya kwenye madhabahu yake kuomba ruhusa. Waongozaji waliojiita wa kisasa nao walikwenda.

Kinugasa hakuchukua mzimu. Mwaka 1926, pamoja na mwandishi Kawabata Yasunari na wenzake, alitengeneza Kurutta ippēji, filamu ya hospitali ya wagonjwa wa akili. Baharia wa zamani amejiajiri kama mfagizi humo ili awe karibu na mkewe, aliyerukwa na akili kwa sababu yake. Picha zinapandiana, nondo za milango zinakata nyuso, mchezaji anazunguka bila kusimama, na hakuna hata kipande kimoja cha maandishi ya kueleza. Karibu na mwisho mfagizi anawavisha wagonjwa barakoa za tamthilia za Noh zinazotabasamu. Huyu aliyewahi kulipwa ili uso wake uwe wa mwanamke alijua barakoa inafanya nini. Filamu ilionyeshwa katika ukumbi wa Musashinokan, Shinjuku, na aliyeisemea ni Musei. Watazamaji wa 1926, kwa hiyo, walielezwa nani ni nani.

Mwaka uliofuata Japani ilikuwa na mabenshi zaidi ya 6,000. Mwaka 1931 Gosho Heinosuke akatoa filamu ya kwanza ya Kijapani ya sauti iliyofanikiwa, na kumbi zikaanza kuwapunguza. Waligoma mwaka 1932. Kiongozi mmoja wa mgomo, Kurosawa Heigo, aliyekuwa na jina la kazi Suda Teimei, alijiua mwaka 1933, na mdogo wake Akira, ambaye Heigo alimfundisha kupenda sinema, akaja kuwa mwongozaji Kurosawa tunayemjua. Mizimu ilipata sauti yake yenyewe mwaka 1937 na 1938, katika filamu za paka za Suzuki Sumiko, mwanamke wa kwanza kuwa nyota kwa kutisha. Musei alihamia redioni na kuendelea kusema kwa miaka mingi.

Kurutta ippēji ilidhaniwa imepotea na nyingine hadi mwaka 1971, Kinugasa alipoikuta kwenye ghala nyumbani kwake. Nakala hiyo ni fupi kuliko ile ya 1926. Alitia muziki mpya juu yake, hakutia msimulizi, na hivyo ndivyo inavyozunguka duniani tangu wakati huo: katika majumba ya makumbusho, vyuoni, kwenye skrini za watu waliokaa peke yao usiku. Wahakiki huandika kwamba ni filamu ngumu kufuatilia.